Tambi za Dakika Kumi

Jumamosi, 3 Agosti 1974

Nimeamka saa kumi na moja. Nimeswali. Nimekunywa chai bila sukari, kwa sababu sijui mke wangu Mwanahawa alikuwa akiificha wapi akiba. Miezi minne natafuta.

Saa mbili akaja Bi Sikuzani, jirani yetu mpika vitumbua, na habari kutoka Kigwa. Hakukaa. Alizitoa akiwa amesimama mlangoni. Mke wangu atakuja Ijumaa kwa treni ya asubuhi, atachukua cherehani yake na sanduku, kisha atarudi Kigwa kwa treni ya saa nane na nusu. Kaka yake, Masolwa, amekwisha kumjengea chumba katika kijiji kipya cha Ujamaa. Kina mama wa huko wanaanzisha kikundi cha ushonaji.

Nikauliza kama ametuma salamu. Bi Sikuzani akasema, "Shemeji, salamu yako ni hiyo cherehani."

Nimelitafakari jambo hili hadi adhuhuri. Mwanamke anaweza kuondoka na kanga zake na bado akarudi. Anaweza kuondoka hata na sufuria. Lakini cherehani ikitoka, ndoa imetoka. Tumeoana miaka thelathini na moja. Cherehani lazima ibaki.

Naandika hapa chanzo cha mgogoro, kwa haki, bila kujipendelea. Mwezi wa nne mama mkwe alifariki Kigwa. Siku ya mazishi ikawa ndiyo siku ya kumchagua mwenyekiti wa duka la ushirika la mtaa wetu, nami nilikuwa mgombea. Mtu hawezi kuwa mahali pawili. Nikaandika barua ya rambirambi, kurasa mbili, nikampa Mwanahawa aende nayo. Ilisomwa mbele ya watu waliokaa mikekani, na nimeambiwa kwamba watu walinyamaza kabisa. Katika uchaguzi nilishindwa na Abasi fundi saa: kura arobaini na moja kwa sita. Mwanahawa alikaa matanga, akakaa mpaka arobaini, akakaa moja kwa moja.

Mpaka leo sijaiona kasoro ya barua ile. Nakala ninayo.

Jumapili, 4 Agosti

Mpango umepatikana. Nitampikia.

Mwaka 1949 Mwanahawa alilazwa siku ishirini katika hospitali ya misheni. Alijifungua mtoto wa kike aliyeishi siku tatu. Hatukupata mwingine. Aliporudi nyumbani alinisimulia jambo moja tu la siku zile: kwamba sista mmoja wa Kiitaliano alimletea tambi za kitunguu saumu na majani mabichi, bila chembe ya sukari, na kwamba hajapata kula kitu kitamu kama kile. Amelirudia jambo hilo kwa miaka ishirini na mitano. Kila mfungo, akiwa anapika tambi zetu za sukari na iliki, husema, "Lakini zile za Sista." Nami kila mfungo nimemjibu kwamba tambi zisizo na sukari si chakula, ni uzembe.

Kumbe dawa nilikuwa nayo ndani ya nyumba.

Nimefungua jalada la mwaka 1949 ili kuhakikisha tarehe. Wakati ule nilikuwa karani wa stesheni, na nakala za barua zangu zote ninazo. Nimeiona ile niliyompelekea hospitali kwa mkono wa mlinzi: "Nimepata habari ya mtoto. Ni kazi ya Mungu. Zamu yangu inakwisha Jumamosi, nitakuja Jumapili." Mwandiko wangu ulikuwa mzuri sana. Nukta zote zimekaa mahali pake.

Alasiri nikaenda kwa Mzee Ambrosi, aliyekuwa mpishi wa misheni ile. Nikamkuta na suti yake ya misa, anachambua maharage. Nikamwuliza kuhusu tambi za masista. Akacheka mpaka akashika ubavu. Akasema hayo si mapishi, hiyo ni haraka. Masista walizila siku ambazo wagonjwa wamewazidi. Maji yenye chumvi yachemke. Tambi zitumbukizwe. Wakati huo huo, kwenye kikaango, mafuta na kitunguu saumu kilichokatwa vipande vyembamba, moto mdogo. Tambi zikiiva zichujwe, zimiminwe kikaangoni, zinyunyiziwe kotimiri na rehani. Zigeuzwe. Basi. Dakika kumi.

Nikamwambia kwamba rehani, kwetu, ni ya maharusi na ya maiti. Akasema, "Mzee mwenzangu, jani halijui linakokwenda."

Akaanza kusimulia kwamba yule sista wa wodi ya wazazi alikuwa akichukua sahani moja na uma mbili, akapotea huko saa nzima, naye Ambrosi akabaki kulalamika kwamba vyombo haviishi kuoshwa. Hayo hayahusu mapishi. Sikuyaandika kwenye karatasi.

Akaniazima uma mbili. Nikamrudishia uma mmoja. Mgeni ni mmoja.

Jumatatu, 5 Agosti

Duka la ushirika. Foleni ndefu tangu alfajiri. Tambi zipo, pakiti moja kwa kila nyumba. Anayegawa ni Abasi mwenyewe, na miwani yake ya ufundi saa juu ya paji la uso, kana kwamba duka nalo litamwita alitengeneze.

Nilikuwa nimeandaa barua ya maombi ya pakiti mbili, yenye kumbukumbu na tarehe, iliyoanza kwa "Ndugu Mwenyekiti". Akaipokea, akaipindua, akaisoma mbele ya watu wote. Kisha akaniuliza, "Bwana Karani, barua ya nini, na mdomo unao?" Foleni ikacheka. Akaniuliza tena kama huu Rajabu nimekwisha kuugeuza kuwa Ramadhani. Foleni ikacheka zaidi. Nikapewa pakiti moja.

Saa tisa nikarudi. Nilivaa koti la zamani la reli na kofia ya pama, na nikainamisha uso. Abasi hakuinua hata kichwa. Akasema, "Karibu tena, Bwana Karani. Koti limekukaa."

Nimerudi na pakiti ile ile moja.

Jumanne, 6 Agosti

Jaribio la kwanza.

Nimeazima jiko la pili la mkaa kwa Bi Sikuzani. Nimeweka karatasi ya Ambrosi ukutani. Nimeweka saa yangu ya mfukoni juu ya kinu. Nimetumbukiza tambi saa nne kamili, zote, maana nilitaka kujua ujazo wa sahani. Nikangoja dakika kumi. Saa ikasema nne na dakika tatu. Nikangoja. Saa ikasema nne na dakika tatu. Nikaona leo muda unakwenda taratibu, nikakata kitunguu saumu, nikafagia uani, nikarudi. Saa ikasema nne na dakika tatu.

Saa hii husimama tangu mwezi wa nne. Fundi saa wa mtaa huu ni mmoja tu, na jina lake nimekwisha kulitaja. Sitampelekea.

Nilipofunua sufuria hapakuwa na tambi. Palikuwa na uji mzito, mweupe, unaonata. Mwiko ulisimama wenyewe. Bi Sikuzani, aliyekuja kuulizia jiko lake, alichungulia akauliza kama ninasiliba ukuta. Kisha akanitazama, akasema kwa sauti nyingine kwamba Mwanahawa haji kwa njaa. Kigwa chakula kipo. Akasema, "Shemeji, kaa naye tu. Mwambie ulikosea." Nikamjibu kwamba nitakapokuwa nimekosea nitafanya hivyo.

Ule uji ni gundi nzuri. Nimefungia bahasha mbili. Iliyobaki nimeihifadhi kwenye kikombe.

Jumatano, 7 Agosti

Tambi sina. Siku mbili zimebaki.

Nimejaribu kwa Bi Sikuzani. Zake amempelekea binti yake aliyejifungua. Nimejaribu kwa Ambrosi. Hali tambi tangu alipoacha kazi, anasema alizichuja za kumtosha. Nimefikiri kuandika barua kwa ofisi ya juu ya ushirika, lakini majibu yangefika mwezi wa kumi.

Baada ya swala ya alasiri, hodi. Abasi. Chini ya kwapa ana pakiti ya tambi. Akasema ni ya nyumbani kwake. Mkewe amesema tambi za mfungo zitapatikana mfungo. Hakutaka chochote. Akasimama pale barazani anaitazama meza ambayo cherehani imekaa juu yake, akasema kwamba siku za kampeni Mwanahawa alimshonea kanzu mtu wa upande wa pili, yaani yeye, na mshono haujaachia mpaka leo. Akasema, "Kura ni kura na saa ni saa, Bwana Karani. Nipe niitazame." Nikamwambia saa yangu ni nzima.

Alipoondoka nikaifungua pakiti. Nikazitandaza tambi juu ya gazeti, nikazikagua uzi mmoja mmoja. Hakuna mdudu. Hakuna ukungu. Hii ni hila ya hali ya juu, na bado sijajua iko wapi.

Alhamisi, 8 Agosti

Jaribio la pili: kitunguu saumu peke yake, ili kulinda tambi. Mara ya kwanza kiliungua kikawa cheusi. Mara ya pili nikashusha moto, kikawa cha rangi ya asali ya Sikonge, na harufu ikatoka mpaka barabarani. Watu wawili walisimama kwenye ua. Nakiri nilijisikia vizuri.

Rehani ni ya Mwanahawa mwenyewe. Aliipanda ndani ya debe karibu na bafu, na huweka majani yake kwenye sanduku la nguo. Kwa miezi minne hakuna aliyeimwagilia, kwa sababu hakuna aliyeniagiza. Imekauka upande mmoja. Upande wa pili nimehesabu majani kumi na manne. Leo nimeipa maji kata tatu.

Habari ya muhimu: kesho, baada ya swala ya Ijumaa, wazee watamchagua katibu wa msikiti. Nimeombwa? Sijaombwa. Lakini mtu anayeweka nakala hujulikana.

Hapo likazuka suala. Aliyekula kitunguu saumu hatakiwi kuusogelea msikiti akawakera wenzake kwa harufu. Hilo kila mtoto wa chuo cha Kurani analijua. Nikaenda kumwuliza Mwalimu Mussa, anayesomesha chuo. Akasema katazo ni la kibichi. Kikipikwa kikaiva, hakuna neno, nile na mke wangu kwa raha. Nikafikiri njiani. Mtu anayetaka ukatibu haegemei ruhusa, huegemea katazo. Kwa hiyo Mwanahawa atakula, nami nitasimama karibu.

Muda unatosha. Treni saa nne. Chakula dakika kumi. Msikiti saa saba. Narudi kabla ya saa nane, cherehani iko mezani, mambo yamekwisha.

Ijumaa, 9 Agosti

Treni ilichelewa. Saa nne haikuja. Saa tano haikuja. Nilikaa karibu na majiko mawili, nikiongeza mkaa, na kanzu yangu ya Ijumaa imefunikwa shuka isishike harufu.

Aliingia saa sita na robo. Amekonda. Amevaa kanga zile zile alizoondoka nazo. Alisema shikamoo. Nikasema marahaba. Akapita mpaka uani kunawa miguu, na huko akasimama karibu na debe.

Akasema, "Umeichuma yote."

Nikamwambia ni kwa ajili yake, akae, asiulize. Maji yalikuwa yanachemka. Nikatumbukiza tambi. Saa sikuitazama, nilionja kama Ambrosi alivyoniagiza. Kitunguu kikawa cha rangi ya asali. Nikachuja, nikamimina, nikanyunyiza kotimiri, nikanyunyiza majani kumi na manne. Sijui ilikuwaje, lakini hakuna kilichoharibika. Mara hii moja, hakuna.

Nikaweka sahani mezani, kando ya cherehani. Uma mmoja.

Harufu ilimfikia kabla ya sahani. Aliinua ncha ya kanga akafunika mdomo, akakaa hivyo. Nikangoja aseme kama chumvi inatosha. Machozi yalimtoka bila sauti, nami nikafikiri ni vitunguu, nikafungua dirisha.

Baadaye akasema, "Ndizo zenyewe."

Akainuka, akaingia jikoni kwake, akarudi na kijiko. Akakiweka upande wa pili wa sahani. Akavuta kigoda kwa mguu. Akasema, "Kaa basi, Mzee. Tule."

Nikamweleza. Nilimweleza kwa utaratibu: kwanza suala la harufu, pili heshima ya msikiti, tatu uchaguzi wa katibu. Alinisikiliza mpaka mwisho.

Akauliza, "Uchaguzi tena?"

Nikamwambia ule ulikuwa wa duka, huu ni wa msikiti, hazifanani.

Akakitazama kijiko. Akasema, "Haya, nenda." Alisema kwa upole kabisa. Nikafurahi kwamba ameelewa. Nikavaa kanzu, nikamwahidi kurudi kabla ya treni, na nikamwonyesha saa yangu kama ushahidi.

Swala ilikuwa nzuri. Baada ya swala wengi walitoka, Abasi wa kwanza, viatu mkononi. Tulibaki sita. Imamu akauliza nani anautaka ukatibu. Nikainua mkono. Hakuna aliyepinga. Wawili walikuwa wamesinzia. Nikaona si adabu kupokea dhamana bila neno la shukrani, nikasema maneno machache. Saa yangu ilisema saba na nusu nilipoanza. Ilisema saba na nusu nilipomaliza.

Nilikuta mlango umerudishiwa. Juu ya meza, pale ilipokuwa cherehani, pamebaki mstatili usio na vumbi. Sahani imefunikwa kawa. Nikafunua. Alikuwa amezigawa tambi katikati kwa uma, mstari ulionyooka kama ametumia rula. Nusu yake ameila. Nusu ya pili imekaa upande wangu, haijaguswa, na kijiko kisafi pembeni.

Nikatoka kuelekea stesheni. Nimefanya kazi kwenye reli ile miaka ishirini na minane. Niliposikia honi sikuhitaji kuambiwa ni treni gani wala inakwenda wapi. Hata hivyo niliendelea kutembea.

Njiani nikakutana na Abasi anasukuma baiskeli yake. Kamba ya kufungia mzigo inaburuzika nyuma. Nilitegemea dhihaka, na jibu nilikuwa nalo. Hakunidhihaki. Alisema walikuwa tayari kuondoka saa nane kasorobo, cherehani imefungwa na sanduku limefungwa, lakini Mwanahawa akasema wasubiri kidogo, labda nakuja. Alikaa mbele ya sahani mpaka saa nane na robo.

Abasi akasema, "Tumekusubiri, Lukumani."

Hakuniita Karani. Sikupendezwa.

Jumamosi, 10 Agosti

Nimeamka saa kumi na moja. Nimeswali. Chai bila sukari.

Nimepitia mambo ya jana kwa utulivu, kama mtu mzima. Mapishi hayakuwa na kosa, mwenyewe alikiri. Lakini alibakiza nusu. Hapo ndipo kasoro ilipo: kipimo. Nilipika pakiti nzima kwa mtu mmoja, tena aliyetoka safari. Nimesahihisha kwenye karatasi ya Ambrosi: "Mtu mmoja, nusu pakiti."

Ile nusu nimeila asubuhi hii, baridi, nimesimama. Swala ya Ijumaa imekwisha pita, harufu haina madhara. Ni tambi, mafuta na majani. Kusema kweli sikuona alichokuwa akikisifu miaka yote hii ishirini na mitano.

Ambrosi alikuja kuchukua uma wake. Akauliza kulikuwaje. Nikamweleza. Akasema kesho kuna treni, na Kigwa si mbali; nikipanda asubuhi, saa nne niko mlangoni kwa Masolwa. Akasema nisichukue kitu chochote, hata zawadi, niende mikono mitupu. Nikamshukuru kwa ushauri. Nikamkumbusha kwamba kesho nina kikao changu cha kwanza cha ukatibu, na mtu hawezi kuwa mahali pawili.

Debe la rehani limebaki kijiti. Nimelisogeza nyuma ya bafu, lisionekane.

Jioni nimemwandikia Mwanahawa barua. Nimemweleza suala la kipimo, nimemweleza kwamba saa ilisimama, nimemwarifu kuhusu ukatibu, na nimemwuliza, kwa heshima, sukari iko wapi. Kurasa tatu. Hii itamrudisha. Nimeisoma mara mbili na sijaona pa kusahihisha.

Bahasha nimeifunga kwa gundi ya Jumanne. Nililazimika kuilainisha kwa maji ya moto, lakini imeshika vizuri.